Mbuzi ya Kiwanda

Bwera, 4 Machi 2024

Gorret, mujukuu wangu,

Wabukire, nakusalimia. Unakula huko Kampala, ao chai tupu? Mimi bibi yako magoti inauma, lakini ulimi iko muzima. Jirani Evas anaandika yale nasema. Nimemukataza kupunguza ukali.

Babu yako amevunjika mugongo kwa kile kiwanda cha kahawa, na pesa yake ya kustaafu hawatoi. "Rudi wiki ijayo" mpaka viatu imeisha. Vile ulituelekeza, tulipeleka kesi kwa afisa wa kazi, Kasese. Sasa sikia: jana Tumwesigye, mutu wa meneja, amekuja hapa nyumbani na mbuzi! Mwenye kuleta mbuzi amekubali makosa. Nimepika, majirani wamejaa, babu yako amecheka mpaka yale meno yake mawili imeonekana. Sasa watalipa. Tutanunua dawa yake ya presha bila kukopa.

Mukaka wako

Kampala, 19 Machi 2024

Mukaka wangu mpendwa,

Hamjambo? Nimetuma dawa ya magoti. Usimgawie Evas.

Mukaka, hatujashinda. Afisa amefunga kesi. Tumwesigye alimwambia mambo yameisha nyumbani kwa desturi: alileta mbuzi, Babu akala naye sahani moja, majirani wakaona. Wakili ninayemfanyia kazi anasema mbuzi si pensheni, tunaweza kukata rufaa mahakama ya kazi. Lakini iwe ndani ya mwezi mmoja, na Babu mwenyewe aape kwamba hakusamehe. Karatasi inakuja na basi. Aweke kidole tu. Upesi, tafadhali.

Mjukuu wako, Gorret

Bwera, 2 Aprili 2024

Gorret,

Dawa imefika. Evas amepaka, shauri yako.

Babu yako hataki. Nimemutukana, nimemubembeleza, nimemunyima chumvi. Anasema, "Feresita, nilikula. Niape kwa Mungu kwamba sikupatana naye?" Nikamuambia ile nyama choo ilishaipokea zamani! Hakucheka. Amegeukia ukuta. Tumwesigye ni mutoto wa hapa hapa, alijua muzee wangu hawezi kushitaki mutu wamekula naye.

Dawa ya presha imeisha tangu Jumapili. Nitajaribu tena.

Mukaka wako

Kampala, 20 Aprili 2024

Mukaka,

Mbona kimya? Simu ya Evas haipatikani. Mwezi umekwisha. Wakili anasema kuomba muda zaidi ni vigumu, na mwenye kuomba ni Babu tu. Anaendeleaje? Nijibu hata neno moja.

Gorret

Bwera, 6 Mei 2024

Gorret, mutoto wangu,

Ulifika salama kutoka mazishi ya babu yako? Ulilia sana kwa kaburi. Kunywa maji.

Ulipoondoka tu, Tumwesigye alikuja na sukari ya rambirambi. Nimemurudishia mbele ya watu, na mufuko yake.

Uliniambia pale kwa moto kwamba mulango wa kesi umefungwa, na mujane akitaka kuufungua anaanza upya, njia ndefu, wengi hawafiki. Nimesikia. Mimi si kiziwi.

Lakini siku ya mbuzi nilikuwa jikoni. Mupishi anakula mwisho, na majirani walimaliza mpaka supu. Sikuonja hata mufupa.

Kidole changu iko hapa chini. Wino ya kidole hatuna, Evas amekipaka masizi ya ile sufuria. Peleka. Wakikataa, wakatae, lakini wasomewe kwanza: mimi sikula.

Mukaka wako, Feresita