Mgeni wa Siku Kumi

Jumatatu, 2 Juni

Nimepaka rangi chumba namba nne kwa mkono wangu mwenyewe. Fundi alitaka kunifanyia, nikamwambia kapake vile vitano vingine, hiki niachie. Rangi ya maziwa. Mgongo unauma, vidole vinanuka tapentaini – na bado naimba! Mwanamke wa miaka arobaini na saba, naimba kama mtoto aliyeahidiwa peremende.

Ijumaa maonesho ya biashara yanafunguliwa. Mtaa mzima umeamka. Kinyozi ametoa viti nje. Mama wa chakula pale kona ameongeza jiko. Viwanja vile ng'ambo ya barabara vinalala mwaka mzima, majani hadi magotini, halafu siku kumi tu – na sisi wote tunakula. Dobi kapita getini na furushi kichwani: "Rangi mpya, mapazia mapya! Unaolewa, jirani?" Nikacheka kwa nguvu mno. Nimejishtukia.

Nimemwambia dada yangu peke yake. Kwamba Bwana Mizani safari hii haji kupanga, anakuja kukaa. Miaka kumi na moja, kila Juni, amefikia chumba hicho, akiuza mizani za kampuni yao kwenye maonesho. Tangu mwaka wa tatu kilicholala namba nne ni begi lake tu, kwa heshima. Mgane, watoto wameshakua. Mwaka jana akifunga begi alisema: "Mwakani nikija, sirudi."

Dada aliguna. "Mwanamume wa siku kumi. Ya kumi na moja hujawahi kumwona."

Simu ya Bwana Mizani haipatikani tangu Februari. Hakuwa mtu wa simu. Lakini kampuni imetuma ujumbe: mtu wetu atafika kesho, tunaomba chumba kile kile. Kile kile!

Jumanne, 3 Juni

Ameshuka msichana.

Saa tisa alasiri. Gari la kampuni likasimama, nikatoka na gauni langu jipya. Mlango wa mbele ukafunguka – msichana, miaka ishirini na tatu hivi, miwani, mkoba kaukumbatia kifuani. Nikamtazama mara moja, nikarudisha macho kwenye gari. Nikasubiri mlango mwingine ufunguke. Dereva alimaliza kushusha maboksi, akafunga nyuma, akawasha gari, akaenda zake. Mimi bado nasubiri mlango.

"Shikamoo mama," akasema. "Baba alikuwa anakusifia sana. Alisema kwako ni kama nyumbani."

Alikuwa.

Nikauliza baba yuko wapi. Akaniangalia kama mtu aliyekosea nyumba. "Hamkuambiwa? Baba alifariki. Februari. Moyo."

Nikasema pole. Nikasema pole sana mwanangu. Nikasema maji ya kuoga yapo tayari. Nikampa ufunguo, nikamwonyesha swichi ya taa. Sijui miguu ilinifikishaje chumbani kwangu.

Siwezi zaidi.

Jumatano, 4 Juni

Nimesingizia kichwa.

Wageni wameanza kuingia. Wengi ni wale wale wa kila mwaka, na wote walimjua. Mmoja mmoja wanamshika binti mkono, pole, pole, baba yako alikuwa mtu. Mimi nimesimama kando na trei ya vikombe. Yule muuza pampu wa chumba namba mbili akalia kabisa, kikohozi, kamasi, leso! Nikamwonea wivu. Mtu wa pampu ana ruhusa ya kulia hadharani. Mimi nimetoa pole siku nzima, na hakuna aliyenipa hata moja. Anipe kwa lipi? Mimi ni nani? Mwenye nyumba.

Miezi minne yuko chini ya udongo, na mimi nachagua mapazia.

Dada kaja jioni. Hakusema "nilikwambia". Amekaa kitandani kwangu, kanivua viatu, akaenda kuwapelekea wageni chakula mwenyewe.

Alhamisi, 5 Juni

Nilidhani jana nimefika chini kabisa. Kumbe chini kuna chini yake.

Asubuhi nakaanga mayai. Binti yuko mezani na simu. "Ndiyo mama. Nimelala mama. Usijali mama." Mtu ana mama wengi – mama mkubwa, mama mdogo, mama wa jirani. Akakata, nikamuuliza, sauti ya kawaida kabisa: huyo mama yupi?

"Mama mzazi. Bado hajazoea nyumba ilivyo kimya. Miaka ishirini na sita ya ndoa, mama, si mchezo."

Mayai yakaungua. Nikayatupa, nikakaanga mengine, yakaungua na hayo.

Mgane! Mgane wa mke aliye hai! Sasa naona kila kitu, kama mtu aliyefuta kioo. Mgane gani anazima simu jua likizama? Mgane gani shati zake zote zina vifungo vyake? Miaka tisa navifungua vifungo vile, sijajiuliza hata siku moja nani anavishona.

Na mwanamke yule je, alikuwa anamfungia begi? Alikuwa anamwambia safari njema?

Nimejaribu kumchukia Bwana Mizani. Saa nzima, huku nasugua sufuria. Sufuria imeng'aa. Yeye sijaweza. Nitajaribu kesho.

Jumamosi, 7 Juni

Maonesho yalifunguliwa jana. Bendi, vipaza sauti, vumbi. Vyumba vyote sita vimejaa na mmoja analala sebuleni. Nashukuru kazi – shuka, chai, funguo, shuka.

Mchana akaja dada mmoja wa utafiti, kitambulisho shingoni, tableti mkononi. Wenye maonesho wanataka kujua yanaingiza nini katika uchumi wa mtaa. Nikamkaribisha kiti. Wageni wangapi kwa mwaka? Wangapi kati yao ni wa maonesho? Umeajiri watu wangapi kwa msimu huu? Anaandika kwa kidole kimoja. Nikajibu vizuri. Nikamwambia pia asiwasahau dobi, kinyozi, mama wa kona, wenye bajaji, fundi anayetengeneza vibanda – tukimwondoa mgeni mmoja wa chumba changu, watu sita hawali.

Swali la mwisho akalisoma: "Mbali na kipato, maonesho yamekuletea manufaa gani mengine?"

Nikaokota funguo mezani, nikaziweka tena.

"Kwa mfano marafiki, ujuzi, mtandao wa kibiashara," akanisaidia.

Nikasema: wageni. Akasema hilo tumeshaliandika, mama. Nikasema basi andika hakuna. Akabonyeza. Halafu akaona uso wangu, akafunga tableti, akaniuliza kama nina leso. Nikamwambia vumbi hili la uwanjani!

Jumapili, 8 Juni

Binti hajauza hata mizani moja. Siku tatu! Nimemkuta uani ameketi juu ya ndoo iliyopinduliwa, miwani mkononi, machozi. Watu wanapita kwenye kibanda, anawapa karatasi, wanafanya feni. Kampuni imemjaribu tu kwa heshima ya baba yake. Akirudi na maboksi yote, basi, nafasi imeenda, na nyumbani sasa ni yeye tu wa kutegemewa.

"Baba alikuwa anawaambia nini?" ananiuliza mimi. "Nyumbani hakuwa msemaji. Sijawahi kumsikia akiuza."

Nikamwambia sijui, mwanangu.

Uongo. Maneno yale nayajua kuliko sala. Kila asubuhi alikuwa ananyoa ndevu pale pale uani, povu shavuni, anafanya mazoezi. "Leo wewe kuwa mteja mbishi." Nami nakuwa mbishi! Nabishana hadi anajikata.

Jumatatu, 9 Juni

Nimefanya wazimu.

Nilimpelekea binti chakula cha mchana kwenye kibanda chao. Hiyo ilikuwa nia, naapa. Kibanda kati ya mashine za kukamua alizeti na matangi ya plastiki. Mizani zimepangwa vizuri, ndogo za duka mbele, za bucha, ile kubwa ya magunia nyuma. Binti amesimama kama mtu anayesubiri kuitwa na daktari. Watu wanapita. Akapita mwenye bucha, mnene, aproni bado kavaa, akaipapasa mizani moja, akaanza kuondoka.

Mdomo wangu ukafunguka wenyewe.

"Bosi! Rudi, usiogope, haing'ati! Mkeo akikwambia umekonda, anakupenda. Rafiki akikwambia umekonda, ana shida. Hii mizani haina shida na wewe na haikupendi! Haina shemeji, haina mjomba, haimwonei haya tajiri wala haimhurumii maskini. Mteja wako anataka nini? Nyama? Hapana! Anataka kurudi nyumbani asigombane na mkewe juu ya nyama!"

Mwenye bucha akacheka hadi tumbo likatikisika. Akabisha. Nikambishia. Watu wakajaa. Nikampandisha mama mmoja kwenye ile ya magunia, akashuka anapiga kelele kwamba ni viatu! Vicheko! Nikawa naisikia sauti yake inatoka kwenye koo langu – pale anapokata, pale anapovuta pumzi, ule mkono wa kushoto juu. Nane zimeuzwa hadi kufunga. Nane!

Nilipogeuka binti alikuwa ananitazama. Hakuwa anacheka.

"Mama," akasema polepole, "umeyajulia wapi yote hayo?"

Nikamwambia kuta za nyumba yangu ni nyembamba.

Jumatano, 11 Juni

Imetangazwa kwenye vipaza sauti, kati ya tangazo la trekta na mtoto aliyepotea: mwakani maonesho yanahamia ukumbi mpya wa kisasa, kule barabara kuu. Una hoteli ndani kwa ndani. Walipiga makofi, wale wa jukwaa kuu.

Mtaani hakuna aliyepiga. Mama wa kona alikaa chini na mwiko mkononi. Kinyozi anasema ataenda huko huko na viti vyake, tukamwambia getini hawakupitishi. Dobi, yule mcheshi wetu, kakaa getini kwangu nusu saa bila utani. Mwisho akasema: "Haya. Sasa tutafuliana wenyewe kwa wenyewe." Akainuka.

Nami nikajikuta nawaza: hata angekuwa hai. Hata angekuwa hai, mwakani asingekuja.

Eti hilo ndilo la kunifariji! Nimekuwa mtu wa ajabu.

Alhamisi, 12 Juni

Binti sasa anauza mwenyewe. Anapitia maneno uani asubuhi na mapema, mimi nakuwa mteja mbishi. Mkono wa kushoto anauinua sawasawa, bila kufundishwa. Nimemwacha katikati ya sentensi nikaenda kuosha uso.

Ananipenda mtoto huyu. Namuona. Ananibebea ndoo, ananikemea nisisimame sana. Mwizi anapopendwa na mwenye mali aliyoibiwa, afanyeje?

Akiwa anaondoka kasema, kwa furaha kabisa: "Mama yangu anakuja Jumapili, siku ya kufunga. Nimemsimulia habari zako zote. Amesema lazima aje akushukuru kwa mdomo wake."

Nimempigia dada simu. Kasema nijifanye mgonjwa, nihamie kwake. Nimefungasha begi. Nimelifungua. Nimelifungasha.

Jumapili, 15 Juni

Naandika nimesimama, jikoni, daftari juu ya kreti la soda. Mwandiko huu hata mimi sitausoma.

Yupo sebuleni.

Nilikuwa nimeshamjenga kichwani – mrefu, mdomo mkali, mwanamke wa kumkimbiza mume. Ilikuwa rahisi kidogo kuvumilia hivyo. Ameshuka mwanamke mfupi, anachechemea mguu wa kulia, ananizidi miaka kama mitano. Nikamwamkia shikamoo. Sikuwa na la kufanya, ni mkubwa wangu. Akaitikia marahaba mdogo wangu, akanishika mikono yote miwili, hakuiachia. Mdogo wangu! Viganja vyake vigumu. Pembeni ya kidole gumba kuna alama za sindano.

Binti kaenda uwanjani kufungasha kibanda. Tumebaki wawili. Huko nje wanabomoa, nyundo tupu, mbao zinadondoka. Kashukuru. Nikasema si kitu. Kashukuru tena. Kisha akawa anatazama mlango wa namba nne, akasema:

"Nina neno moja, mdogo wangu, na usinifiche. Alikuwa anacheka huku?"

Nikasema dada, sijaelewa.

"Nyumbani alikuwa mwema. Hakulewa, hakunitukana, alileta kila alichopata. Ila alikuwa kimya. Miaka ishirini na sita, kimya. Nilidhani ndivyo alivyoumbwa. Sasa mwanangu ananisimulia maneno uliyomfundisha – bucha, shemeji, mjomba – nami nikacheka, halafu nikalia. Huyo mtu sikumjua. Nimemzika mtu nisiyemjua. Wewe ulimwona. Niambie tu: alikuwa anacheka?"

Nikasema ngoja nilete chai.

Maji yamechemka. Nimezima jiko. Nimewasha tena, yachemke upya. Nikisema hapana, nitakuwa nimemwibia mara ya pili, na safari hii mchana kweupe. Nikisema ndiyo, atauliza alicheka na nani. Atauliza tu. Mimi ningeuliza.

Na kuna jambo baya zaidi, naliandika kwa sababu hakuna wa kulisoma: nataka aulize. Nataka mtu mmoja duniani anipe pole. Na hakuna mwingine mwenye uwezo wa kunipa.

Kiti kimesogezwa. Namsikia sakafuni, mguu mmoja mzito, mmoja mwepesi. Anasema usihangaike na chai peke yako, mdogo wangu, nakuja tusaidiane. Nimemwambia: dada, kaa tu. Hakai. Amefika kwenye korido, ananiita –