Papa Amekuwa Mtoto wa Miaka Minane

Mama yangu mpenzi,

Barua hii usiifungue mbele ya Papa. Ngoja aingie kuoga, au uende nayo sokoni uisome nyuma ya beseni lako la ndagala. Kwa simu nimeshindwa, maana Papa anaweka ile sauti kubwa na majirani wanaitikia kabla yako. Ndiyo sababu nitampa mke wa pasta karatasi hizi, yeye yule aliyewaletea komputa.

Goti lako linasemaje? Maji ya ziwa yamerudi nyuma kidogo pale Kalundu, au bado mnauzia samaki juu ya mawe? Mimi mzima, namshukuru Mungu. Baridi imeanza tena kuniuma vidole. Kazi ni ile ile ya kufua mashuka kwenye nyumba ya wazee, na mkubwa wetu wa kazi ni yule yule anayetupimia hata muda wa kwenda chooni. Lakini hayo ni ya kila siku, hayawezi kunifanya ninunue bahasha. Kilichonishikisha kalamu ni ile mashini.

Mama, minye nimechoka na ile mashini. Nimechoka nayo, nimechoka na Papa, na weye pia, nakwambia bila kuficha. Utaelewa huko mbele.

Unajua niliituma kwa moyo safi. Ziwa lilipokula kile kibanda cha bandarini ambamo Papa na wazee wenzake walikuwa wakicheza dame kwa vifuniko vya chupa, weye mwenyewe uliniambia anakaa mlangoni siku nzima akigombana na redio. Nikasema basi, hii komputa ina michezo ndani, na michezo ina mtandao wake uliokuja nayo toka kiwandani. Mtu anapewa jina, anaita marafiki, anacheza dame na mtu aliye mbali, kila mmoja kwa zamu yake. Hata umeme ukikatika siku mbili, atakuta kete zake zinamngoja pale pale. Nikasema Papa atacheza na mimi, kila nikitoka kazini nitakuta amesogeza kete moja, nami nitajua ameamka vizuri. Nilitaka hilo tu.

Kumbe najitafutia matatizo! Kwanza mtandao ulimwomba jina la utani. "Minye muntu muzima," Papa akaniambia kwenye simu, "utani na nani?" Akakataa kuandika. Mashini nayo haikungoja, ikambatiza yenyewe: Chura Mjanja, na namba nne nyuma yake. Mama, unakumbuka. Aliizima siku mbili akisema hawezi kuitwa chura ndani ya nyumba yake.

Halafu ikaja tarehe ya kuzaliwa. Hapo ndipo balaa lilipoingia. Papa alichukua karte yake ya uchaguzi, maana ndiyo karatasi pekee aliyobaki nayo baada ya kukimbia kote kule, akaisoma mwenyewe, akaandika mwenyewe. Badala ya mstari wa kuzaliwa, akanakili mstari wa siku alipopewa ile karte. Basi mtandao ukahesabu ukaona huyu ni mtoto wa miaka minane. Ukafunga kila kitu na kumwandikia: mwite mzazi wako. Papa akanipigia amewaka kabisa. "Bazazi yangu bako mu kaburi kule Runingu! Nibaite namna gani?"

Nilicheka hadi machozi yakanitoka. Nikawahadithia wenzangu kazini, nao wakacheka. Kumbuka hicho kicheko, nitakirudia.

Niliwaandikia wenye mtandao mara nne. Kila mara jibu lilikuwa lile lile, kwamba nilete cheti cha kuzaliwa cha mtoto. Cheti cha Papa! Mtu aliyezaliwa nyumbani siku wanavuna mtama! Mwisho nikachoka, nikabonyeza pale palipoandikwa kwamba mimi ndiye mzazi wa mtoto huyu. Mungu anisamehe. Tangu siku ile, mbele ya hiyo mashini, nina mtoto mwenye mvi ambaye ni baba yangu.

Unafikiri yaliishia hapo? Alipofunguliwa mlango, wageni wakaanza kumwomba urafiki, watu wa nchi ambazo hata sizijui. Nikamwambia, "Papa, usiwakubali, hauwajui." Akanijibu, "Muntu anakusalimia, weye unamupita kama jiwe? Njo malezi gani hiyo?" Akakubali wote. Halafu kabla ya kugusa kete anaanza kuwasalimia, habari ya kuamka, familia iko namna gani, mvua imenyesha kwenu, baba yako ni nani. Na mchezo wa wageni una saa, Mama! Ni nusu dakika kwa kila zamu. Papa akimaliza kuuliza hali ya watoto, mashini imeshaandika kwamba ameshindwa. Alishindwa mara kumi na saba bila kusogeza hata kete moja, na kila mara ananipigia mimi kulalamika kwamba watu wa siku hizi hawana adabu. Mimi niko na mikono ndani ya sabuni, simu iko begani, nasuluhisha ugomvi wa Chura Mjanja na mtu wa ng'ambo.

Na bado hayo yalikuwa ya kuchekesha. Mchezo wetu wa wawili hauna saa, basi tulikuwa tunaenda taratibu, na nilikuwa na furaha, nakiri. Papa anacheza kama alivyofanya kazi yake ya pointeri, kuhesabu mizigo pale Kalundu. Hatoi kete hata moja. Afadhali azibwe kila upande, lakini kutoa, hapana. Ninamjua toka nilipokuwa nakaa kwenye magunia nikimngoja, yeye akisoma namba kwa mbali na kumrudisha mbebaji kwa sababu ya sifuri moja iliyokosewa.

Sasa, kama miezi miwili iliyopita, mchezo ukabadilika. Nikaona Papa ananiachia kete moja bure. Nikasema mzee amechoka. Nikaila, na yeye akala zangu tatu! Kesho yake hivyo hivyo. Salamu nazo zikapotea, ikabaki kete tu, haraka haraka, na mimi nikawa napigwa kila siku. Nikajiuliza, huyu mtu anayetoa kidogo mbele ili achukue kingi nyuma, nimemwona wapi? Nikiwa nakunja mashuka, ikanijia. Nimemwona sokoni. Ni yule anayemtupia mteja matabishi, kiganja kimoja cha ndagala juu, mteja anacheka, halafu anaondoka amenunua beseni zima kwa bei ya mama muuzaji. Ni weye, Mama.

Nilidhani Papa amekuachia ucheze kwa sababu ya uvivu. Nikakasirika kidogo, basi. Lakini hiyo mashini, kwa kuwa mimi ni mzazi, kila Jumatatu inanitumia ripoti ya mtoto wangu, saa alizocheza, na maneno aliyotafuta kwenye mtandao. Kwa kawaida ni bei ya mafuta na mahubiri. Jumatatu ile nikasoma: jicho kuona moshi dawa yake. Chini yake: majani ya kuosha macho. Na chini kabisa: kipofu mzee anaweza kupona.

Nilikuwa nimesimama mbele ya mashini ya kufua. Niliacha mashuka ya watu yazunguke hadi mkubwa akaja kunifokea, na sikumsikia. Maana hapo hapo nilikumbuka ile karte. Mtu aliyekuwa akisoma namba ya gunia toka ng'ambo ya uwanja, anakosea mstari wa karte iliyo mkononi mwake? Na mimi nilicheka, Mama. Nilihadithia watu na kucheka. Toka siku ile ya kwanza alikuwa haoni vizuri, na mimi nikamfanya kichekesho cha kazini.

Nikampigia. Nikamuuliza polepole, Papa, macho iko namna gani? Akasema, "Macho yangu? Inaona mupaka Mulenge, inahesabu ng'ombe za shemeji yangu moja moja." Nikamuuliza, basi kete zangu ni za rangi gani? Akasema, "Weye mutoto, unanipima minye?" Akakata simu. Kwa muda wa wiki nzima hakutaka kuzungumza nami.

Na weye ulijua! Hapo ndipo ninapokukasirikia. Ulikaa pembeni yake, ukawa mkono wake na jicho lake, ukawa unaandika hayo maneno ya majani kwa vidole vyako, na kila Jumapili unaniambia tuko salama, Papa anakusalimia. Mama, mnanificha mimi? Najua atakuwa alikuapisha. Najua pia anaogopa, kwa sababu ya yule mwenzake wa bandarini aliyepasuliwa jicho akatoka hivyo hivyo haoni. Lakini nisikilize. Kwenye nyumba hii ninayofua kuna mzee mmoja ambaye jicho lake lilikuwa na utando mweupe, wanauita katarakte. Alipelekwa asubuhi, kesho yake akarudi na bandeji. Siku hizi ananirudishia shuka kwa sababu ya doa dogo kama punje ya mchele. Ananichosha! Lakini kila akinirudishia nafikiri, kwa nini huyu aone doa langu, na Papa asiweze kuniona uso?

Sijui kama ya Papa ni hiyo katarakte au ni kitu kingine. Weye pia hujui, na yale majani hayajui. Tafadhali acha kumwosha macho kwa yale maji, utayaharibu zaidi. Anayejua ni daktari wa macho, na nimesikia anapokea watu hapo hapo Uvira, si lazima kuvuka mpaka. Mimi nataka siku nitakayorudi Papa anitazame, aseme nimenenepa, aseme nimezeeka, agombane na nguo niliyovaa. Nataka anione. Sitaki kuingia mlangoni anipapase uso ndio ajue ni Faida. Nikifikiria hilo nashindwa kula.

Kwa hiyo nimefanya kitu, na usinilaumu. Jumamosi nilifungua ule ukurasa wa mzazi nikaufunga mchezo. Mashini ikaniuliza kama nina hakika. Nikabonyeza ndiyo kwa hasira hadi kidole kikaniuma.

Saa moja haikuisha, ujumbe ukaingia: mtoto wako anaomba muda wa kucheza. Nikakataa, nikaandika: kwanza daktari wa macho. Ukaingia mwingine. Jumapili peke yake yalikuja maombi kumi na moja. Kwanza nikasikia uchungu, nikasema Papa, mtu asiyewahi kuniomba hata maji ya kunywa, leo ananiomba. Halafu nikatazama saa. Maombi matano yameingia wakati Papa yuko kanisani kwenye mkutano wa mashemasi. Na hata angekuwa nyumbani, na ule moshi machoni, hicho kitufe kidogo cha kuomba angekiona wapi?

Eh, Mama Faida! Ni weye unayeomba! Umenogewa!

Sikucheki. Miaka yote ile ulipita na sahani za ugali nyuma ya migongo ya wale wazee, na hakuna hata mmoja aliyekuambia kaa, cheza. Kumbe ulikuwa unatazama. Unacheza kumpita Papa, nakwambia ukweli, na usimwambie. Nimejivunia weye hadi nimesahau kukasirika kwa dakika mbili hivi. Lakini mchezo sifungui. Siku utakayonitumia picha ya karatasi ya daktari wa macho, yenye jina la Papa juu, nitaufungua saa ile ile, na nitakutengenezea jina lako mwenyewe, tarehe yako ya kuzaliwa nitaiandika mimi.

Papa akigoma, mwite mjomba ashuke kutoka Mulenge. Kaka yako huyo hana haja ya kusema neno. Akikaa tu barazani na fimbo yake, Papa hataweza kutamka mbele ya shemeji kwamba anaogopa daktari. Mumshike huku na huku mwende.

Nisalimie huyo mjomba na ng'ombe wake. Nisalimie shangazi wa Runingu, mwambie unga wake wa muhogo ulifika na niliula peke yangu bila kumgawia mtu. Nisalimie mama jirani anayeitikia simu zetu, mwambie safari hii hakuna cha kusikia. Na Papa msalimie sana. Usimwambie nimelia. Mwambie mzazi wake amekataa.

Mchezo wetu umesimama pale pale. Umeniachia kete moja kushoto, safi kabisa, ya kuliwa. Nimeuona mtego wako, Mama. Siili.

Ni mimi mwanao,
Faida

Nimekwisha kulamba bahasha, nimelazimika kuifungua tena. Ombi lingine limeingia sasa hivi. Safari hii lina maneno: "Faida, anauliza kama kupasuliwa jicho inauma." Hayo hayatoki kwako, Mama, ni ya Papa mwenyewe. Mwambie yule mzee wa hapa hakulia hata kidogo. Kisha mshike mkono, mwende.