Saa Moja kwa Daktari Brecher

Vienna, 19 Februari 1909

Kwa dada yangu mpenzi Ottilie,

Natumaini barua hii itakukuta mzima, wewe na shemeji Alois na watoto, na kwamba kifua cha Toni kimetulia sasa. Sisi huku tupo, baridi inatutesa, na shangazi Regine miguu imemvimba lakini ulimi haujambo. Sauti yangu uliyoiulizia bado ni ya kunong'ona, vilevile kama ilivyokuwa tangu wiki aliyozikwa baba. Mwuza maziwa hudhani kila siku nina siri ya kumpa.

Nimeona heri usikie kwangu kabla hujasoma gazetini: Daktari Brecher amefariki. Ndiye yule niliyekuandikia habari zake, aliyeanzisha na wenzake wachache tiba ya kuzungumza. Miaka ya kwanza madaktari wa mjini walimcheka waziwazi, hata wakaacha kumpelekea wagonjwa. Yeye alishikilia kwamba mtu akimeza neno lisilomezeka, mwili ndio utakaoumia. Hata mwavuli niliousahau kwake mara tatu, aliniambia mkono hausahau bure, kuna jambo nataka kulirudia. Niliudhika sana, maana nilijua ni kweli.

Shangazi hakumpenda kamwe. Kila nilipovaa kofia ya kutoka alinifuata hadi mlangoni. "Unakwenda kujilaza kwenye kochi la mwanamume usiyemwona hata uso? Njoo ulale kwangu, mwanangu, supu utapata, na masikio ninayo mawili kama yeye." Nilicheka, nikaenda. Miezi saba nilikwenda, siku tano kwa wiki, na miezi yote saba nilizungukazunguka tu bila kulifikia jambo lenyewe.

Kwake kulikuwa na utaratibu. Unampa mkono mlangoni, unajilaza, naye anaketi nyuma ya kichwa chako, mahali usipoweza kumwona. Hakuna kugeuka. Atasema "Endelea" mara moja au mbili, pengine asiseme lolote saa nzima, na kimya chake unakizoea. Jumanne ya wiki hii, siku aliyofariki, mkono wake ulikuwa na jasho la baridi. Sikumwuliza kitu, kwa kuwa pale anayeulizwa hali ni mgonjwa.

Nikajilaza. Nikasikia kiti chake kikilia, akasema "Endelea" kwa sauti ya chini. Sijui nini kilinifungua siku ile. Nilisema yote, dada, mwanzo hadi mwisho, na katikati ya maneno sauti yangu ikarudi, nzima, hata mwenyewe ikanitisha. Nilipomaliza nikangoja. Hakusema kitu. Nikadhani ananihukumu, nikalia. Kisha nikakumbuka kwamba yeye hahukumu mtu, nikamshukuru kwa kimya kile. Nikangoja tena, mpaka mgonjwa wa saa iliyofuata alipobisha hodi, na Bi Kreszenz, mtumishi wake, akaingia, akapiga magoti karibu na kiti.

Daktari aliyeitwa alisema ni moyo, na kwamba marehemu alikuwa amekata roho kitambo, huenda tangu nilipoanza kusema. Baadaye Bi Kreszenz aliniuliza ni mwanamke gani aliyekuwa akiongea mle ndani, sauti ile hakuitambua. Nilitaka kumjibu kuwa ni mimi, nikajikuta nanong'ona.

Basi hakuna aliyenisikia. Nimeshauriwa niende kwa daktari mwingine nianze upya, nami nimekataa. Jambo lenyewe ni lako, na nimeogopa kukuambia miaka miwili.

Wewe unaamini baba alikufa hataki kukuona. Ulipouacha Uyahudi wetu ukabatizwa ili uolewe na Alois alikukalia matanga ungali hai, siku saba kwenye kile kigoda kifupi, na umeniandikia mara nyingi kwamba hata hilo ungelivumilia kama angekuita walau mwishoni. Dada, alikuita. Siku tatu alikuwa akilitaja jina lako. Alinishika mkono akasema, "Mpelekee Ottilie telegramu aje. Mwambie baba yake amechoka kuwa mjinga." Nilikuwa nimemwogesha na kumlisha miezi tisa, na katika miezi hiyo hakuwahi kunitaja mimi kwa namna ile. Wivu ulinijaa. Nilivaa kofia, nikazunguka mtaa, nikarudi bila kupeleka telegramu, na jioni nikamwambia umejibu kwamba huji.

Alisema, "Ni haki yake." Hakukutaja tena, na kesho yake akafa.

Shangazi anakusalimu, hajui lolote. Mfikishie shemeji salamu zangu, na watoto uwabusu bila kuwaambia busu limetoka kwa nani. Msamaha sikuombi. Nakuomba tu, hata ukiichoma barua hii, usiyachome aliyosema baba, maana hayo ni yako.

Mdogo wako, kama bado unanihesabu,

Ernestine