Shangazi Alipoisahau Kamera

Kosa la wengi wanaorekodi watu wao ni kudhani kwamba ruhusa ikishatolewa mara moja, imetolewa kwa yote. Someni barua hii.

Mshauri wangu mpendwa, nisaidie kabla ya Jumamosi. Natengeneza filamu kwa kamera yangu mwenyewe, bila kampuni, na kwa miezi minane nimerekodi maisha ya kawaida ya mtaa niliokulia, milango inavyofunguliwa asubuhi, mashuka yanavyopumua kwenye kamba, kinyozi anavyosinzia kwenye kiti cha wateja, na zaidi ya wote shangazi yangu, mshonaji, ambaye mwanzoni alikuwa akivaa hereni kila akiniona na kuuliza kama pua yake imetoka vizuri, halafu taratibu akanizoea, akawa ananipita kama kiti, na alasiri moja, mwanga ukiwa umelala mezani kama kitambaa cha rangi ya asali na mvuke wa pasi ukipanda polepole, akaanza kuzungumza na marehemu mumewe, akamweleza kwamba fundi saa wa ng'ambo ya barabara anataka kumwoa na bado anasubiri jibu, kisha akatabasamu, akasema, "Nitamkubali, mzee wangu. Usininunie." Nikiitazama picha ile nahisi mtaa mzima unaelea, lakini Jumamosi filamu inaonyeshwa kwenye ukumbi wa shule, na fundi saa, ambaye naye yumo, ameniambia atakaa mstari wa mbele, na mpaka leo hajajibiwa. Rafiki yangu anayehariri anasema nikikata kipande hicho kitabaki kipindi cha mashuka. Mama anasema nikikiacha nisikanyage kwake. Shangazi nilimwuliza kijuujuu kama ana neno lolote kuhusu filamu, akasema, "Nakuamini, mwanangu," akaendelea kutunga uzi kwenye sindano. Je, hiyo si ruhusa?

Mrekodi wa Mtaani

Mwanangu, si ruhusa, na unajua, ndiyo maana uliuliza kijuujuu.

Nikueleze taratibu. Alipokubali, alikuwa na hereni masikioni, alijua anatazamwa. Alasiri ile alikuwa amekusahau. Kusahauliwa ndiyo kazi yako, na umeifanya vizuri. Hata mimi nimeuona mvuke huo nikiwa nimefumba macho. Lakini kadiri watu wanavyokusahau, ndivyo unavyopaswa kurudi kuwauliza. Anakuamini kwa sababu hajui ulichobeba.

Mfikirie na fundi saa. Mtu amengoja jibu la maisha yake, nawe umpe kwa spika, kinyozi akiwa pembeni yake? Na shangazi je, akiwa ameshabadili mawazo? Utakuwa umemwoza bila kumuuliza. Mama yako ana hasira, lakini ameona mbali kuliko wewe. Rafiki yako mwambie mashuka yanayopumua si kitu kidogo.

Ukienda kwa shangazi, usimwambie ni wangapi watakuja wala picha ni nzuri kiasi gani. Hayo ni ya kumsukuma. Usimkodolee macho wakati anatazama. Akisema kata, kata na ufute. Akisema ngoja niongee na mtu kwanza, ngoja, hata Jumamosi ipite.

Leo, shangazi akishamaliza kushona, mpelekee kompyuta, mwonyeshe akiwa peke yake, kisha nyamaza.