Yaya, mkubali mwalimu

Yaya wangu mpendwa, dada yangu mkubwa,

Nimeolewa, na mume wangu (bado nikiandika neno hilo natabasamu peke yangu) hunichemshia chai kila asubuhi kabla ya kwenda kushona katikati ya mji. Nina furaha mpaka wenzangu wa saluni hapa Johannesburg wamechoka kunisikiliza. Ndiyo maana naona aibu kukuandikia.

Jumapili tulitazama ile filamu ya zamani ya Kikorea, ile isiyo na rangi, uliyoipenda sana. Unakumbuka tulivyoitazama kwa jirani kule Bukavu, sisi wawili juu ya mkeka mmoja? Dada mkubwa anamkataa mwanaume anayempenda ili abaki na mama yake mgonjwa. Mdogo wake anaondoka na bwana harusi wake, amependeza, wala hageuki nyuma. Mimi nilisema, "Huyu dada ni mjinga." Ukanipiga kofi la mgongoni huku ukicheka: "Nyamaza, we mtoto. Wote wakiondoka, uji atapika nani?"

Safari hii aliyesema ni mume wangu. "Eish, huyo mdogo ana roho ngumu." Nikainuka kwenda kuosha vyombo vilivyokuwa safi.

Kwetu mdogo hamruki mkubwa wake kuolewa bila kumpa kitenge. Nilikutumia kizuri, cha maua mekundu, na moyoni nikaona mambo yameisha. Ukanipigia simu: "Nimekivaa. Mama amekishika kwa ule mkono usiopooza, akacheka. Pendeza, mdogo wangu, uzae." Halafu, kama mtu anayetaja mvua, ukasema yule mwalimu amekuja tena kukuposa, nawe umemjibu, "Mama atabaki na nani?"

Jibu nilikuwa nalo, Yaya. Nikasema mtandao unakatika.

Jana nilimweleza mume wangu yote. Aliendelea kukunja shati lake. "Nenda," akasema. "Nimekuoa, sijakununua. Nitakufuata Krismasi." Nililia, na nakuambia kweli, sikulia kwa ajili yako wala ya Mama. Nililia kwa sababu alikubali.

Narudi mwisho wa mwezi kukaa na Mama. Usinishukuru, nitazidi kuona haya. Mpe mwalimu neno lako leo, mbele ya watu, kabla moyo wangu haujapata sababu nyingine ya kubaki huku.

Nakukumbatia,
Mdogo wako