Maharage Yaliyokubali Ndani ya Nyumba

Kigwena, Rumonge
Tarehe 18 Mei 2003

Mpendwa mdogo wangu Asmani,

Amahoro! Afya zenu huko kambini ziko vipi? Na mke wako Esha, miguu imeacha kuvimba? Sisi wazima, alhamdulillahi, ila mgongo bado unanilaumu kwa kulima.

Sasa kaa chini, ndugu yangu. Nimeona jambo ambalo mpaka leo sijamaliza kulishangaa.

Tuliporudi huku kutoka kambini, Mama alipanda mbegu zote za maharage tulizokuwa nazo, hakubakiza hata za kuonja. Yakaota vizuri, halafu majani yakageuka manjano, yakakauka shamba karibu lote. Mama akasema udongo umekunywa damu na umetukataa. Akaanza kufunga mizigo arudi kambini. Nilimbembeleza weee! Wamjua Mama, akishasema amesema.

Asubuhi ya kuondoka nikapita pale nyumba yetu ilipochomwa moto, maana napo tulipalima. Subhanallah! Maharage mabichi, yana maua, na yanakoma pale pale ukuta ulipokoma, kana kwamba mtu aliyapima kwa kamba. Nikapiga kelele mpaka Mama akaja mbio na mzigo kichwani.

Jirani yetu Jafari ndiye aliyetueleza. Mwaka jana aliogopa vichaka vya kwetu visifiche wenye bunduki, akavimwagia dawa ya kuua majani, tena bila kipimo. Maskini, aliomba radhi mpaka nikamwonea huruma. Agronomu wa komini, yule bwana shamba wa serikali, akasema dawa ile hukaa udongoni muda mrefu na kuua maharage yanayopandwa baadaye, lakini makaa huishika isiingie kwenye mizizi. Mvua zijazo tupande mahindi kwanza, hayo huivumilia.

Makaa, Asmani! Zile nguzo za nyumba alizokata Baba kwa mikono yake! Moto ule ule uliotufukuza!

Mama alitua mzigo, akapiga magoti, akawa anashika jani moja moja huku analitaja jina la Baba. Tangu tumzike njiani alikuwa hajawahi kulitamka. Habari ya kambi hataki tena kuisikia.

Msalimie sana Esha na shangazi Aziza. Mungu awafungulie njia iliyo salama. Mama hajui kuandika, lakini amenisimamia hapa mpaka niweke maneno yake: rudini nyumbani, baba yenu bado anatulisha.

Ni mimi dada yako, nikupendaye ingawa hujibu barua,
Kulthumu