Sidii kwenye mtama

Jumanne usiku

Kumbe ni mama mkwe. Mchana kutwa natafuta sidii iliyokuja na kile kifaa cha USB cha kunasa waifai, maana bila draiva, ile programu iliyomo humo, kompyuta haikitambui, na maombi ya chuo mwisho kesho. Kumbe kaitundika shambani ifukuze ndege kwenye mtama.

"Nilidhani kioo, mwanangu."

"Mama, vya mezani kwangu uniulize kwanza."

Nikaifuta kwa kanga, mtoto mgongoni. Ilishakwaruzika. Nikikosa mwaka huu, sijui kama nitapata nguvu tena.

Nikaiingiza kwenye kompyuta, ikagoma. Ikagoma tena. Mara ya tatu draiva ikaingia, kitaa cha kifaa kikawaka. Nimetuma.

Mama akachungulia mlangoni. "Basi nirudishie. Ndege hawana habari na chuo."